Nimelipa Nijue Ninachokula

Wiki hii grupu letu la ukoo limevamiwa na video moja. Kijana wa Kiswahili, kwa lafudhi namkadiria wa Mombasa, yuko kwenye soko la usiku Taipei, Taiwan, kafungwa kitambaa machoni, analishwa kitu kwenye kijiti. Anatafuna, anasifu, "tamu wallahi", kisha kitambaa kinafunguliwa, anaambiwa alichokula, naye anakimbilia ukutani kutema huku mpiga video akivunjika mbavu. Nyuma yao, ukitazama vizuri, yupo mama mwenye kibanda, kasimama na koleo mkononi, anawaangalia. Hacheki. Mashemeji wameweka emoji za kicheko mpaka simu imekuwa nzito. Mie nimekaa kimya, na walioniuliza kulikoni, jibu lao ni hili hapa, na ni refu.

Mchezo huo naujua. Nimeulipia.

Nilikuwa Taipei kwa binamu yangu anayesoma huko. Mwenyeji ninaye, lakini mwenyeji ana mitihani, na mie sikupanda ndege zote zile nikakae bwenini kula tambi za pakiti. Nikatafuta mtandaoni matembezi ya chakula ya jioni, yale ya kikundi na mwongozaji, katika soko la Raohe. Fomu ya kujiandikisha ina mahali pa kujaza usichokula. Nikajaza: mimi Mwislamu, nguruwe sili, wala mafuta yake. Nikalipa. Bei siitaji, mume wangu husoma hapa.

Tutoe haki kwanza, hata kama naitoa kwa shingo upande. Kijana aliyetutembeza anajua mambo. Tulikutana mbele ya hekalu la Ciyou kwenye lango la mashariki, hekalu la tangu 1753 la Mazu, mungu wa kike wa mabaharia, akatueleza vizuri kwa nini masoko mengi ya usiku ya Taiwan yameota mbele ya mahekalu: watu wanakuja kuomba, wakishaomba wana njaa, na mwenye sufuria hahitaji kuambiwa. Soko la Shilin ni hivyo, la Keelung ni hivyo. Akatuonya tushike mfuko wa taka zetu wenyewe, kwa kuwa pipa la barabarani utalitafuta mpaka uchoke. Huko gari la taka hupita mtaani likipiga muziki na watu hutoka na mifuko yao mbiombio. Akatusimulia kesi ya chai ya maziwa yenye punje za wanga wa muhogo, jinsi wenye maduka ya chai ya Chun Shui Tang ya Taichung na Hanlin ya Tainan walivyovutana mahakamani miaka kumi kila mmoja akidai kaivumbua, mpaka 2019 mahakama ikaona hakuna cha kugombea, kinywaji hakina hataza, atengeneze anayetaka. Kesi tamu kama chai yenyewe.

Na pale langoni, kwenye foleni ndefu kuliko zote, ile ya maandazi ya pilipili manga yanayobandikwa ndani ya kuta za tanuri la udongo, aliniambia mwenyewe bila kuulizwa: dada, hii ni nguruwe. Nikashukuru. Nikasimama pembeni kutazama mikono inavyopokezana, huyu unga, huyu nyama, huyu kitunguu cha majani, huyu ufuta, na kusema kweli niliridhika na kutazama tu.

Kumbe fomu yangu ameisoma. Likumbuke hilo, maana ndilo lililonichoma baadaye.

Tukaenda mbele kidogo, akatusimamisha duara, akaingia kibandani akarudi na vijiti. Kwenye kila kijiti kuna kipande cheusi, bapa, kimeviringishwa katika unga wa karanga na kunyunyiziwa kotmiri. Uso wake ukabadilika, akawa mshereheshaji wa harusi. "Sasa mchezo! Kuleni kwanza, nitawaambia baadaye!" Simu zikatoka mifukoni. Nikamuuliza hiki nini. Akanikonyeza. Nikamuuliza tena, kwa sauti ya mtu asiyetaka kukonyezwa. "Ni wali tu, na kitu kidogo cha siri."

Wenzangu wakaanza kutafuna. Mie nimesimama na kijiti mkononi kama mjinga. Wakati huo alikuwa anapita dada mmoja wa Kiindonesia, kavaa hijabu, anasukuma kiti cha magurudumu chenye bibi wa Kitaiwani. Ukikaa Taipei siku chache utawaona kila bustani na kila soko, ndio wanaolea wazee wa mji ule. Akaiona hijabu yangu, akakiona kijiti, akatikisa kichwa. "Babi," akasema, na kwa kidole akagusa mshipa wa mkono wake. Nguruwe. Damu. Akaendelea na safari yake, bibi yake akinipungia mkono.

Mchele wa kunata uliogandishwa kwa damu ya nguruwe. Chakula cha watu, cha miaka mingi, na sina neno baya hata moja la kukisema. Wanaokila wanakijua na wanakipenda. Neno langu liko kwa aliyekijua akanificha.

Jamani, nilipie nini? Taiwan ni salama, mitaa imenyooka, Raohe yenyewe ni barabara moja ya mita kama 600, ukiingia lango hili unatokea lile, hupotei hata ukitaka. Miguu ninayo. Pesa za kununua chakula ninazo, noti moja ya dola 100 ya Taiwan inakupa sahani na mara nyingi chenji inarudi. Kitu kimoja tu sina: kile kibao cha kibandani sikisomi. Maandishi yale kwangu ni michoro mizuri. Kwa hiyo ninapomlipa mtu anitembeze, nimenunua macho yake na ulimi wake, basi, sijanunua kingine. Halafu mtu huyohuyo anachukua kitu pekee nilichomlipia, anakificha mgongoni, anakifanya kiini cha burudani. Ni mwizi mwenye leseni.

Wala usiniambie ni mambo ya dini tu, eti Waislamu wagumu. Kwenye duara letu mtu mmoja angekuwa na mzio wa karanga? Unga ule ulikuwa umejaa kijiti kizima. Mhindi asiyekula nyama? Hakuna aliyeulizwa. Mchezo hauna nafasi ya kuuliza, ukiuliza umeharibu mchezo, unaonekana wewe ndiye uliyekuja sherehe ya watu na uso wa msiba.

Na kinachonitia hasira zaidi ni kwamba soko lenyewe haliko hivyo. Simama kwenye kibanda chochote Taiwan usikilize. Mwuzaji anakuuliza. Pilipili nitie? Kiasi gani? Kotmiri nitie? Anakuuliza huku foleni imefika barabarani, anakuuliza kwa ishara akiona hujui Kichina, ananyanyua kichupa cha pilipili na nyusi pamoja. Nchi ile ina watu wengi wasiokula nyama kwa ajili ya dini, wengine hawagusi hata kitunguu na kitunguu saumu, na hakuna anayewaona kichekesho. Pakiti za dukani zinaandikwa kabisa ni mboga tupu, au ina mayai, au ina maziwa. Mtu kuwa na miiko ya mdomo wake huko ni jambo la kawaida kama mtu kuwa na namba ya kiatu. Kwa hiyo "kula kwanza nitakwambia baadaye" usije ukaiita utamaduni wa Taiwan. Wameitunga wenye biashara ya kutembeza, kwa sababu uso wa mtu aliyeshtuka unauza video.

Kituo cha mwisho kilikuwa tofu ya kunuka, tofu yaani maziwa ya soya yaliyogandishwa. Hii walau haijifichi, unaijua kabla hujaiona. Inalowekwa kwenye maji yaliyochachushwa na mboga, wengine huongeza na vya baharini, kisha inakaangwa mpaka ganda linavunjika, inapasuliwa katikati, inajazwa achari ya kabichi na mchuzi wa kitunguu saumu. Kijana akatangaza kwamba atakayemaliza sahani atapewa stika ya "nimenusurika". Umenusurika na nini? Nyuma ya kibanda watoto wa shule wenye sare walikuwa wanaila kwa vijiti huku wanafanya hesabu. Wao nao wamenusurika? Bwana mmoja wa kundi letu akabana pua kwa vidole viwili mbele ya mpishi, mkewe akapiga picha, na mpishi, mtu mzima mwenye umri wa mama yangu, akageuza uso kuelekea kwenye karai.

Mie nimekulia nyumba tatu kutoka kwa muuza papa mkavu. Aliyepita sokoni Darajani, Unguja, saa saba mchana, jua kali, upepo umelala, papa na ng'onda wamepangwa, asije kunifundisha kubana pua kwa chakula cha mtu. Na ile tofu, baada ya kuuliza (kwa simu ya binamu, nikamweka spika azungumze na mama mwenyewe: mafuta gani? maji yake yana nyama? akajibiwa kimoja kimoja, bila haraka), niliila na ni tamu. Harufu iko puani, mdomoni ni kitu kingine kabisa. Stika sikuchukua.

Kuna mambo mengine madogo nayapita. Kile kibandiko chekundu cha Michelin, wale Wafaransa wanaokagua migahawa, ambao walianza kuikagua Taipei 2018: kinapobandikwa kibandani, foleni inahamia hapo yote, na jirani anayepika kitu kilekile anabaki anapepea nzi wasiokuwepo. Halafu lile jambo la matunda. Kijana alitupeleka kwa mwenye matunda akashika tunda akasema, "Na hili hamjawahi kuliona maishani!" Topetope. Nimecheka mpaka nikaomba radhi. Kubwa mno, nakubali, ya kule Taitung wanaijua kweli kuilima, lakini topetope ni topetope, na mapera yao wanayanyunyizia unga wa plamu uliotiwa chumvi, jambo ambalo nawasihi mlijaribu kesho asubuhi.

Sasa wapo watakaorukia: "Si ndiyo tunasema, mtembeza wageni wa nini, zunguka mwenyewe!" Tulieni. Hao ni watu wanaokula kila kitu, na asiye na mwiko hajui thamani ya kuuliza. Bila binamu kwenye simu ningekunywa juisi ya miwa na kulala na njaa, au ningekula kimanda cha chaza nikijifariji kwamba chaza ni halali, bila kujua karai limepakwa mafuta gani. Anayejua kuuliza kwa lugha ya mpishi anastahili malipo, na malipo mazuri. Mitihani ya binamu ilipoisha alinipeleka Ningxia, soko jingine la usiku, na kazi yote aliyoifanya ilikuwa kuuliza tu. Yale majimbi yanayosagwa, yakafinyangwa mviringo na kukaangwa, yana aina mbili, akaniulizia, moja ina kiini cha yai la chumvi na nyama ya nguruwe iliyokaushwa, nyingine ni majimbi matupu; nikala matupu, moto, laini, nikaagiza tena. Kisha ile aiskrimu inayofungwa kwenye chapati nyembamba, bonge la kashata ya karanga linakwanguliwa juu yake kwa randa, randa hasa ya seremala, na kotmiri mwisho. Nilikuwa nimeapa kotmiri na aiskrimu haviingiani. Vinaingiana.

Kwa hiyo unayekwenda, lipia mwongozaji, lakini kabla hujatoa kadi mwandikie swali moja: je, nitaambiwa ni nini kabla sijala, kila kituo? Akikujibu ndiyo, nenda. Akikujibu kwamba "kituo usichokitaka utakiruka", hujajibiwa, maana huwezi kuruka shimo lililofunikwa mkeka.

Kampuni yangu niliiandikia malalamiko, kwa adabu, na kopi ya ile fomu yangu. Wamejibu haraka, sikatai. Wamesikitika. Wamesema wageni wengi hutaja mchezo ule kuwa ndiyo sehemu waliyoipenda zaidi. Na kwa usumbufu nilioupata wamenitumia punguzo la matembezi mengine yajayo, ambayo wameyaboresha, na sasa yana vituo viwili vya siri badala ya kimoja.