Kabla ya hapo aliitwa nani?

Mchoraji Lubaina Himid alipotwaa Tuzo ya Turner, tuzo kubwa ya sanaa ya Uingereza, mwaka 2017, makundi yetu ya simu yalijaa vifijo: mtoto wa Unguja kawashinda Waingereza kwao! Kuzaliwa kweli kazaliwa Unguja, 1954. Lakini aliondoka akiwa na miezi minne tu, baba yake alipofariki, akachukuliwa na mama yake hadi Uingereza. Tukamdai ni wetu siku hiyohiyo, na sina hakika kama wengi wetu tulijisumbua kutazama kazi zake.

Ukizitazama utaona vyombo vya nyumbani. Sahani kuukuu, bakuli za supu, droo, kurasa za gazeti: vyote anavipaka rangi mpaka viseme. Mwaka 2007 alichora juu ya vyombo 100 vya mezani habari za Lancaster, mji ulioneemeka kwa biashara ya watumwa. Matajiri wanatapika, weusi wanakutazama kutoka chini ya mchuzi. Kanga nazo anazichora, na maneno yake. Sisi tunajua kanga ina pindo, ina mji, ina jina. Ikikosa jina inabaki kitambaa.

Ila kazi inayoninyima usingizi ni Naming the Money, ya 2004. Ni watu 100 wa mbao, mfano wa watumwa wa Kiafrika waliopelekwa Ulaya, kimo cha binadamu, waliopakwa rangi za kupendeza: wapiga ngoma, mafundi viatu, waganga wa mitishamba, wafunza mbwa. Unawazunguka kama uko harusini. Ukipita nyuma yao unakuta karatasi ya hesabu, mfano wa daftari la duka, na juu yake maneno machache: jina langu ni hili, wao wananiita hivi, nilikuwa nafanya kazi ile, sasa nafanya hii. Mtu na bei yake, mgongo mmoja.

Kwa maoni yangu, hao 100 wangeletwa Mkunazini, hapa Unguja mjini, hata kwa mwezi mmoja. Pale soko la watumwa lilifungwa mwaka 1873, na tangu 1998 kuna sanamu tano shimoni, minyororo shingoni. Zinatia simanzi, watalii wanapiga picha, lakini hazina majina. Mtu asiye na jina ni rahisi kumhurumia, maana hawezi kuwa nyanya yako. Na huku kwetu majina waliyopewa watumwa na mabwana zao tumeyazoea mno: Baraka, Mabruki, Feruzi. Anayeuliza yametoka wapi huambiwa ana utovu wa adabu.

Mimi niliwahi kuuliza. Bibi alikuwa barazani anachambua mchele. Nikamwambia, bibi, mama yake babu aliitwa nani?

“Faida.”

“Na kabla ya hapo?”

Aliweka ungo chini, akaenda kutazama chungu. Na jikoni siku ile hapakuwa na moto.