Maua ya Mahekalu ya Kanpur na Wanawake Wanaoyachambua

Kwa Mhindu mcha Mungu, ua likishawekwa miguuni pa sanamu hekaluni haliwi tena ua la kawaida, na hata likinyauka jioni ile ile haliwezi kutupwa jaani pamoja na maganda ya ndizi na makombo ya chakula. Ndiyo maana kwa vizazi vingi mashada ya mahekalu ya India yamekuwa yakiishia mtoni, hasa katika Ganges, mto ambao wenyewe ni mtakatifu. Anayeyatosa huko haoni kwamba anachafua maji. Anaona kwamba ameifikisha sadaka mahali panapoistahili. Nalitanguliza jambo hili kwa sababu naamini kwamba kampuni changa ya Phool, inayotengeneza udi kwa maua ya mahekalu na iliyoanzishwa na Ankit Agarwal mwaka 2017 katika Kanpur, jiji lililo kando ya Ganges, imefika ilipofika kwa kuiheshimu imani hiyo, wakati kampeni nyingi za mazingira huanza kwa kuwakaripia waumini.

Magari ya kampuni hupita mahekaluni kukusanya maua kabla hayajaenda mtoni. Shehena ikishamwagwa kiwandani, wanawake huizunguka na kuanza kuchambua: huchomoa nyuzi zilizotungiwa mashada, huokota karatasi za kung'aa, vipande vya nguo na mifuko ya plastiki iliyofichika katikati ya maua yaliyolowa. Maua hunyunyiziwa dawa ya kupunguza makali ya viuatilifu yaliyotoka navyo shambani, kisha petali hutenganishwa, hukaushwa na kusagwa. Unga huo hukandwa, na donge dogo huviringishwa kwa kiganja juu ya kijiti chembamba cha mwanzi mpaka litande sawasawa toka juu hadi chini. Kijiti kikikauka huchovywa katika mafuta ya manukato, na hapo kinakuwa udi. Sehemu zisizofaa kwa udi hugeuzwa mboji kwa kutumia minyoo. Udi mwingi wa vijiti unaouzwa madukani kwetu Afrika Mashariki hutoka India, na ule wa bei ya chini mara nyingi hutengenezwa kwa unga wa mkaa, kwa hiyo sisi tunaofukiza majumbani tuna sababu ya kupendezwa na udi usio na mkaa ndani yake.

Uangalifu huo kwa imani ulionekana tangu katika mradi uliotangulia kampuni hii, HelpUsGreen, ambao Agarwal aliuanzisha mwaka 2015 pamoja na Karan Rastogi. Pakiti za udi nchini India huwa na picha za miungu, na mnunuzi huona vigumu kuitupa picha hiyo takani. Wao walitengeneza pakiti za karatasi yenye mbegu za tulsi, mrihani unaoheshimiwa sana na Wahindu, ili udi ukiisha pakiti ipandwe ardhini. Mtu hawezi kubuni jambo kama hilo bila kuwa amewasikiliza kwa makini watu anaotaka kuwauzia.

Wanawake wanaofanya kazi hii wengi wao wanatoka katika jamii za Wadalit, ambazo kwa mfumo wa matabaka zililazimishwa kuzoa kinyesi kwa mikono kutoka vyoo vikavu vya watu wengine. India iliipiga marufuku ajira hiyo kwa sheria ya mwaka 1993, ikakaza marufuku hiyo kwa sheria nyingine ya mwaka 2013, lakini mwanamke aliyekatazwa kazi bila kupewa kazi nyingine hana pa kwenda. Leo mikono ile ile ambayo jirani wa tabaka la juu asingekubali kupokea maji kutoka kwayo inatengeneza udi utakaofukizwa mbele ya madhabahu ya nyumba yake. Kwangu mimi, hili ni kubwa kuliko hesabu yoyote ya tani za maua.

Ninapotofautiana na wanaoisifu kampuni hii ni pale wanaposema kwamba inauokoa mto Ganges. Maua huoza na huachia maji viuatilifu, hilo ni kweli. Hata hivyo, Kanpur ni jiji la viwanda vya ngozi, na kutoka eneo la Jajmau maji yenye kromiamu, metali inayotumika kusindika ngozi, yamekuwa yakiingia mtoni kwa miongo mingi. Jijini humo humo mfereji wa Sisamau ulimwaga mamilioni ya lita za maji taka kila siku kwa zaidi ya karne moja, hadi ulipoelekezwa kwenye mitambo ya kusafishia katika miaka ya 2018 na 2019. Kazi ya namna hiyo ni ya serikali, na si haki kuibebesha kampuni ya udi, wala si haki serikali kujificha nyuma ya sifa za kampuni hiyo.

Pamoja na hayo, ni katika jiji hilo la ngozi ambapo watafiti wa Phool waliona utando mgumu wa kuvu ukiota juu ya lundo la maua yaliyosahaulika, wakaanza kuukuza kwa makusudi. Matokeo yake ni Fleather, kitu kinachofanana na ngozi ambacho hakihitaji mnyama kuchinjwa wala kromiamu. Mwaka 2022 kiliingia fainali ya Tuzo ya Earthshot, tuzo ya kimataifa ya mazingira. Kama siku moja kitaweza kushindana kwa bei na ngozi ya Jajmau, hapo nitakubali kwamba maua yameanza kuusaidia mto kwa kiwango kinachoonekana.

Mwaka 2021 hekalu la Tirumala, kusini mwa India, lilianza mpango wake lenyewe wa kutengeneza udi kwa maua ya ibada. Mahekalu mengine makubwa yana mapato ya kutosha kufanya hivyo, na ningetaka yafanye kwa masharti mawili: wachambuzi wapewe mikataba, mishahara ya kila mwezi na bima, na wakulima wanaoyauzia maua watakiwe kupunguza viuatilifu tangu shambani, kwa kuwa mwishowe wanaovishika ni wanawake hao.