Noti za Mtoto Zimo Kwenye Kofia ya Nani?

Katika harusi moja niliyohudhuria Igoma, jijini Mwanza, kikundi cha ngoma kilichokodiwa kilikuwa na binti ambaye kwa kumtazama hakuzidi miaka kumi. Ilipofika saa tano usiku alikuwa amelala juu ya sanduku la spika, njuga zikiwa bado miguuni. Aliamshwa zamu yake ilipofika, akacheza hadi ukumbi mzima ukainuka kumtunza, na kila noti aliyobandikwa kwenye paji la uso iliokotwa na kijana aliyemfuata nyuma na kofia mkononi. Mezani kwetu mabishano yakaanza papo hapo: wapo waliosema kipaji kinalelewa, na wapo waliosema mtoto anachumwa.

Wanaotetea wana hoja nzito. Kando ya ziwa hili ngoma haijawahi kuwa ya watu wazima peke yao. Katika sherehe za Wasukuma za Bulabo kule Bujora, Kisesa, ambazo hufanyika mwezi Juni, Wagika na Wagalu, makundi mawili hasimu ya ngoma, hushindana mchana kweupe, na mtoto huishika bugobogobo, ngoma ya majembe, kwa kusimama nyuma ya mjomba wake na kijembe chake. Kuna pia suala la mkate. Mama anayeuza dagaa katika soko la Mwaloni hana mzigo wa kutosha siku za mbalamwezi, kwa kuwa dagaa huvuliwa kwa taa usiku wa giza, na katika siku hizo posho ya mwanawe anayecheza ngoma ndiyo inayonunua madaftari. Anayetaka watoto wote washushwe jukwaani hana budi kumweleza mama huyo atakula nini.

Hata hivyo, hoja ya mila inapungua nguvu pale mjomba anapoondoka na nafasi yake kuchukuliwa na meneja. Uwanjani Bujora jua likizama mtoto hurudi nyumbani na watu wake. Ukumbini saa hufuata matakwa ya aliyelipa. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inaruhusu ajira kuanzia miaka 14, tena kazi nyepesi isiyodhuru afya wala masomo, na inakataza kumtumikisha mtoto kati ya saa mbili usiku na saa kumi na mbili asubuhi. Kwa kipimo hicho, kikundi kile kilikosea mara mbili kabla hatujafika kwenye kofia.

Wapinzani nao hukosea wanapodhani kwamba marufuku ndiyo njia pekee. Mkataba Na. 138 wa Shirika la Kazi Duniani, wa mwaka 1973, ambao Tanzania imeuridhia, unaacha mlango wa vibali kwa maonyesho ya sanaa, mradi kila kibali kiweke mipaka ya saa na masharti ya kazi. Maana yake, kwa mujibu wa mkataba huo, mtoto wa miaka kumi anaweza kuimba kihalali, ila lazima awepo mtu mwenye mamlaka aliyesema aimbe hadi saa ngapi.

Suala la fedha ni gumu zaidi, kwa sababu anayekula fedha ya mtoto mara nyingi ni mzazi wake. Mmarekani Jackie Coogan, aliyeigiza filamu na Charlie Chaplin mwaka 1921 akiwa bado mtoto, alifikisha utu uzima akakuta mama yake na baba wa kambo wameitumia karibu mali yote aliyoichuma. Kesi yake ndiyo iliyozaa sheria ya California ya mwaka 1939, na leo hii asilimia 15 ya mapato ya msanii mtoto huko huwekwa kwenye akaunti asiyoweza kuigusa mtu mwingine. Mwimbaji wa Marekani JoJo, aliyesainiwa na kampuni ya muziki akiwa na miaka 12, aliishia kuishtaki kampuni hiyo, na mwaka 2018 akarekodi upya albamu zake mbili za mwanzo ili awe na matoleo aliyoyamiliki mwenyewe. Alinusurika, lakini baada ya miaka mingi na kwa gharama ya mawakili, jambo ambalo binti wa Igoma hawezi kulitarajia.

Kwa maoni yangu, ngoma yenyewe haina kosa. Kosa liko kwenye saa na kwenye kofia. Kwa kuwa mtoto hana uwezo kisheria wa kujifunga kwa mkataba na mzazi ndiye anayesaini kwa niaba yake, sehemu ya malipo ingepaswa kutengwa kabla haijafika mkononi mwa mzazi, na anayekodi kikundi angepaswa kuonyeshwa kibali kama anavyoonyeshwa bei. Naona ugumu wake: noti za kutunza hazina risiti, na ofisi za serikali hufungwa saa tisa na nusu alasiri, wakati ambapo ukumbini ndiyo kwanza wanapanga viti.