Ni Nani Aliyekutuma Uamke?

Mimi ni mtu wa Tanga. Barafu niliyokulia nayo ni ile ya ukwaju, ya kwenye vifuko vya nailoni. Sasa naishi Ottawa, Kanada, ambako barafu hawailambi, wanaipanda. Binti yangu Salma alipoanza kujifunza kuteleza juu ya barafu, ule mchezo wa kuruka na kuzunguka kwa muziki, nilikuwa namsubiri pembeni na chupa ya chai, nimejifunika kama mgonjwa wa malaria, mpaka siku moja nikajisemea: hela ya kiingilio nimeshalipa, baridi naila bure, kwa nini nisiingie? Nilikuwa na miaka 41.

Miaka miwili baadaye nikaandikishwa kwenye mashindano ya watu wazima wanaoanza. Msinidharau. Nilijua kurudi kinyumenyume, kuzunguka mara tatu nikiwa wima, na kuruka ule mruko wa nusu mzunguko ambao watoto wa miaka sita wanauruka huku wakitafuna biskuti. Akseli niliitazama kwenye televisheni tu. Kati ya miruko mikubwa, huo ndio unaouanza ukiwa umeelekea mbele, ndiyo maana una nusu mzunguko wa ziada, na ndiyo maana mimi na huo mruko hatujawahi kukutana.

Gauni nilishonewa na fundi wa Ngamiani, kule Tanga, kitenge cha bluu. Aliponiuliza kwenye simu ni la shughuli gani, nikamwambia mchezo wa kwenye barafu. Kimya. Kisha: "Nikutolee na mtandio?"

Muziki nilichagua taarabu. Zamani wachezaji wa peke yao hawakuruhusiwa nyimbo zenye maneno, lakini tangu msimu wa 2014/15 mlango uko wazi. Kocha wangu, mama mmoja mkali, alilalamikia mwanzo wake tu: fidla na kanuni, ile ala ya nyuzi nyingi, sekunde ishirini nzima, ngoma hazijaingia. Nikamwambia taarabu haina haraka.

Sasa niwaeleze vifuniko. Chini ya kiatu kuna chuma, na chuma kina makali mawili, la ndani na la nje, katikati mfereji mwembamba. Ukikanyagia sakafu ya saruji umekiua. Kwa hiyo nje ya barafu unakivika vifuniko vya plastiki, ukifika mlangoni unavivua, unampa kocha. Mtoto hufundishwa hilo siku ya kwanza kabisa. Plastiki juu ya barafu ni sabuni juu ya vigae.

Nikaitwa. Mtangazaji alilitamka jina langu hadi na mimi nikageuka kumtafuta mwenyewe. Kocha akanishika mabega, akanikumbusha habari ya Midori Ito, Mjapani, mwaka 1991 mjini Munich: aliruka akatokea nje ya uwanja kupitia upenyo wa kamera, akarudi akaendelea kama mtu aliyekwenda kuchungulia sufuria. "Likitokea lolote, endelea!" Mimi natikisa kichwa, mdomoni nasoma dua. Miguuni hakuna aliyetazama.

Nikajisukuma kwa nguvu zote, kwa madaha. Miguu ikabaki mlangoni, mimi nikaenda. Nililala kifudifudi, nikaserereka na kitenge changu mpaka mbele ya meza ya majaji, mkono mmoja umenyooka kichwani, shavu kwenye barafu. Nikatulia kwanza, nihesabu mifupa.

Kijana wa muziki kazi yake ni kusubiri mchezaji atulie kwenye pozi lake. Nimetulia. Akabonyeza.

Fidla zikaanza kulia.

Jamani! Nimelala pale, fidla zinanililia, utadhani arobaini yangu. Kwa mbali nasikia kocha: "Endelea!" Nikainua mkono taratibu, kama maiti aliyekumbuka deni. Ukumbi ukapiga makofi. Nikajipa moyo, nikakaa kitako, nikavua kifuniko cha kulia kwa mpigo wa kanuni na kukirusha ukutani. Cha kushoto kikagoma. Nikakivuta kwa mikono miwili huku nawachekea majaji kwa meno yote 32, kikachomoka kwa mlio ambao nadhani uliingia kwenye wimbo vizuri tu. Ngoma zilipoanza nilikuwa wima, na nusu mzunguko wangu niliuruka.

Karatasi ya majaji ninayo mpaka leo. Kwa kuanguka sikukatwa kitu, maana nilianguka kabla ya muziki, kwa hiyo kimahesabu sikuanguka. Nilikatwa kwa vifuniko, kwa kuacha vitu barafuni. Nilikuwa wa tano. Tulikuwa watano.

Baba Salma, bila aibu, alishairusha video Tanga kabla sijavua viatu. Usiku mama akapiga simu, sauti imemkauka.

"Mwanangu, pale mwanzo ulipolala nimelia. Umecheza vizuri mno. Sasa ni nani aliyekutuma uamke?"