Zsigmond aliuchafua mkanda makusudi na alikuwa sahihi

Juzi usiku nimerudia tena McCabe & Mrs. Miller, ile filamu ya Robert Altman ya 1971, nikaisimamisha pale ndani ya baa, taa ya mafuta inawaka, watu wanacheza karata na nyuso zao nusu huzioni. Nyeusi yake si nyeusi kabisa, ni kama kijivu chenye ukungu, na njano ya ile taa imesambaa mpaka kwenye moshi. Nimekaa kama dakika tano naangalia picha moja tu.

Aliyeipiga ni Vilmos Zsigmond, Mhungari wa Szeged, kazaliwa 1930. Alichofanya ni hivi, kabla mkanda haujaingia kwenye kamera unapigwa mwanga kidogo sana, yaani unauunguza kidogo kwa makusudi, basi giza linalegea, rangi zinachuja kama khanga iliyofuliwa sana, na sura iliyokuwa inazama gizani unaanza kuiona. Ukikosea kipimo mkanda umekufa. Kwenye The Long Goodbye, 1973, akarudia mchezo uleule ila safari hii mkanda ukiwa umeshapigwa picha, kazi yote ya siku imo humo ndani! Mimi nasema huo ni ujasiri, na sidhani aliupata Hollywood.

Maana mwaka 1956, vifaru vya Wasovieti vilipoingia Budapest, mji mkuu wa kwao Hungaria, yeye na rafiki yake László Kovács walichukua kamera wakaenda mtaani kurekodi, wakapata futi kama 30,000, hiyo ni karibu kilomita 9 za mkanda, wakavuka nazo mpaka kwa siri kuingia Austria. Wangekamatwa sijui wangekuwa wapi. Mtu aliyepitia hayo utamtishia nini kwa kumwambia picha yako ina ukungu?

Marekani walianzia chini kabisa, filamu za bei rahisi, mpaka Kovács akapiga Easy Rider ya 1969 na Zsigmond akapata Oscar kwa Close Encounters of the Third Kind. Kovács hakuwahi hata kupendekezwa Oscar mpaka anafariki 2007, na hilo kwangu ni dhuluma, basi tu.

Sasa sisi tunaopiga video za harusi huku tumekariri kwamba picha nzuri lazima iwe kali, ing'ae, kila kona ionekane. Kuna mteja alinirudishia kazi anasema giza limezidi, wakati sendofu yenyewe ilikuwa usiku na ukumbi mzima ni mishumaa, nikapandisha mwanga nikapandisha mpaka miale ya mishumaa ikapotea kabisa, bibi harusi anaonekana kama amekaa ofisini. Mpaka leo inaniuma. Jumamosi ijayo nina nyingine, usiku tena, na bibi harusi nimeshamwonyesha ile picha ya taa ya mafuta kwenye simu, kaiangalia sana, akasema sawa kaka, mishumaa yangu iache hivyo hivyo.