Sikuwa Nimejificha, Nilikuwa Nasikiliza Bushi

Sikuwa nimejificha.

Naanza na hilo kwa sababu Mudi ameshatupia kwenye grupu la mtaa voisi ya dakika 3 na sekunde 11, na leo asubuhi dada wa chapati kaniuliza kama nakula hapahapa au aniwekee kwenye buti. Kwa hiyo toleo la Mudi mnalo tayari. Hili ni la mtu aliyekuwa ndani.

Mnaonifuata siku nyingi mnaijua IST yangu ya 2004, na ile kelele mnaijua. Kwiii-nyek. Kwiii-nyek. Kitanda cha gesti kabisa. Nikipita tuta la pale kituoni watu wanageuka, na si kuangalia gari, wanaangalia nimempakia nani.

Tabia zake nilikuwa nimezikariri. Asubuhi kukiwa kukavu inalia kama imefiwa. Mvua ikinyesha inanyamaza siku nzima. Kwenye lami iliyonyooka huisikii, lakini ingia tuta polepole uone inavyokutukana. Zote hizo ni dalili za mpira mkavu unaosuguana na chuma, na hapo nilikuwa sahihi. Nilichokosea ni mpira upi.

Fundi wa kwanza alisimama mbele, akaikandamiza boneti mara mbili kama anaipa huduma ya kwanza, akasema, "Stabilaiza linki hizo," vile vyuma vifupi vinavyoshika fimbo ya kuzuia gari lisiyumbe. Tukabadilisha. Ikalia. Akasema, "Basi bushi za amu," ile mipira ya maungio ya mkono unaoshika tairi. Tukabadilisha. Ikalia. Akageuza usukani huku kashika springi kwa mkono, akasikilizia kama springi inaruka pale juu kwenye beringi ya shokapu. Hairuki. Akabadilisha tu, maana hela ilikuwa yangu.

Katikati ya hayo mimi mwenyewe nikajitosa. Nikapaka oili ya injini kwenye bushi zote za mbele. Siku tatu kimya. Nikajiita injinia, nikapiga na picha, mliweka laiki wenyewe. Siku ya nne kelele ikarudi, na vumbi lote la Kinyerezi limegandia pale. Mzee mmoja wa gereji ya jirani akaniita pembeni akanipa maneno yangu: oili ya injini inaivimbisha raba, inalainika mpaka inakuwa kama bablishi iliyotafunwa, ukiona lazima upake kitu, paka grisi ya silikoni. Kisha akamgeukia fundi wangu. Bolti za bushi za amu, akasema, hazikazwi gari likiwa juu ya jeki matairi yananing'inia. Unaziacha legelege, unashusha gari likae kwa uzito wake, ndipo unakaza. Ukikaza likiwa juu, bushi inaishi imejisokota na itachanika mapema.

Sisi tulikazia wapi? Juu ya jeki. Mlitaka tukazie wapi?

Jumla ikafika laki mbili na nusu. Na hapa ndipo Mudi anapopatia nguvu, kwa hiyo niseme mwenyewe: bado nadaiwa mahari. Laki nne, mbuzi mmoja na mkaja wa mama. Mtoto ana miaka minne. Msinitolee macho, nyie zenu mmemaliza?

Yule mzee ndiye aliyenipa njia ya bure ambayo ningeanza nayo. Chukua chupa ya maji, mwagia mpira mmoja, tikisa gari. Ikilia, hamia mwingine. Ule ukiloa ikanyamaza, mwizi wako huyo. Nikamwagia wa mbele wote, mmoja baada ya mwingine. Nikapita tuta, gari likalia vilevile. Ndipo nikajua, baada ya laki mbili na nusu, kwamba kelele iko nyuma. Sauti inatembea kwenye bodi bwana. Wewe uko kwenye usukani unaisikia miguuni, kumbe inatoka chini ya buti.

Shida nyingine: nyuma nikitikisa kwa mkono hailii. Inalia gari likitembea tu. Kwa hiyo ilikuwa lazima mtu awe kule nyuma, karibu na springi, gari likitembea. Mnafuata hesabu? Hakuna kujificha hapo. Ni uchunguzi.

Jumamosi mchana, basi. Mudi kwenye usukani. Mimi nimevaa bukta na singlendi, maana grisi haina adabu. Mkononi kipande cha mpira wa kumwagilia maua, kama mita moja; ncha moja unaiingiza sikioni, nyingine unaitembeza pale unapopashuku, unasikia kila kitu kama daktari. Nikaingia kwenye buti. Mimi ni kilo 62, na bado magoti yalinifika kidevuni. Mudi akasema trafiki akichungulia kioo cha nyuma akaona mtu tutalala ndani, nijifunike. Nikavuta kanga ya Mama Neema iliyokuwa kwenye kiti, nikajifunika gubigubi. Buti likafungwa.

Kwa matuta mawili ya kwanza nilikuwa mtu mwenye furaha kuliko wote Dar es Salaam. Kwiii-nyek! Kushoto! Juu ya springi, pale inapokalia! Nikapiga bodi ngumi mbili, ishara yetu kwamba rudia tuta.

Gari likasimama.

Nikadhani anageuza. Nikasikia mlango wa nyuma wa kushoto unafunguka, kapu linaburuzwa juu ya kiti, halafu sauti.

"Mudi mwanangu, Mungu akubariki. Jua hili lingeniua."

Mama mkwe.

Mudi anasema hakuwa na namna, mama ameliona gari toka mbali akapunga mkono, angempitaje. Sawa. Lakini angeweza kusema neno moja tu, "Mama, Baba Neema yuko nyuma anasikiliza springi," tukacheka, tukasalimiana, yakaisha. Hakulisema. Na mimi, kila sekunde niliyokaa kimya, ndivyo ilivyozidi kuwa ngumu kutoka. Utaanzaje? Unagonga kiti cha mkweo kwa nyuma, unasema hodi?

Gari likaondoka. Tuta likaja. Nikajikaza kusubiri kwiii-nyek.

Kimya.

Jamani, kimya kabisa. Mama amekaa kushoto, pamoja na kapu la viazi, na uzito huo (siutaji, bado nadaiwa) umeikalisha springi vizuri mahali pake. Wakati huohuo jibu likanijia: ule mpira wa juu wa springi umehama. Ukiweka mzigo springi inatulia, ukiutoa inasugua chuma. Miezi mitatu nautafuta! Nilitaka kupiga kelele. Nikauma kanga.

"Na Baba Neema yuko wapi leo, mpaka kakuachia gari?"

"Amesafiri mama," Mudi akajibu. Hakuna aliyemtuma. "Yuko Morogoro."

"Morogoro!" Kimya kidogo. "Si juzi kaniambia hana hata nauli ya kufika kwangu Segerea?"

"Ni ya kikazi, mama."

"Ngoja nimpigie basi nimtakie safari njema."

Nataka muielewe hali. Simu yangu iko mfuko wa kulia wa bukta. Nimelalia ubavu wa kulia. Mkono wa kulia uko chini yangu umekufa ganzi, wa kushoto umeshika mpira, mpira uko sikioni. Nikaanza kujipindua kama samaki kwenye ndoo. Nikasikia vitufe vya simu ya mama, ile yenye tochi, vinalia kimoja kimoja. Tii. Tii. Tii. Anapiga namba nzima kwa kichwa, hakosei. Nikahesabu. Kumi. Nikaomba mtandao usumbue. Siku zote unasumbua!

Sasa mlio wa simu yangu. Wengine hamujui: ni sauti ya Neema, nilimrekodi mwenyewe mwezi uliopita. Anaita, kwa nguvu zake zote, "Baba! Pokea siiimu! Baba!"

Ikalia.

"Baba! Pokea siiimu! Baba!"

Kutoka ndani ya buti. Sauti ya mjukuu wake.

Sikusikia mtu akipumua mle ndani. Halafu mama, polepole kabisa, "Neema?"

"Baba! Pokea siiimu!"

"Neema! Bibi yuko hapa! Mudi, mtoto yuko kwenye buti!"

Kofi la kwanza likapiga kiti, nikalisikia mpaka kwenye meno. "Simamisha gari! Simamisha!" Mudi badala ya kusimama akakanyaga mafuta, ukimuuliza leo hajui kwa nini. Tukaruka tuta zima zima, kichwa changu kikagonga dari, mkono ukachomoka, nikaikamata simu ili niizime. Kioo kina grisi, kidole kina grisi. Nikatelezesha. Upande usiopaswa.

Imepokewa.

"Haloo?" akasema mama, pale mbele yangu, sentimita thelathini.

Na mimi, ambaye nimelelewa, ambaye mama yangu mzazi alinichapa kwa ajili ya salamu tu, mdomo wangu ukajiendea wenyewe.

"Shikamoo, mama."

Aliisikia mara mbili. Kwenye simu, na kisogoni.

"Marahaba," akajibu. Kwa mazoea. Halafu akapiga ukelele ambao sijawahi kuusikia, na nimeshahudhuria misiba mingi.

Mudi akasimama sasa, na alichagua pa kusimama: mbele ya kijiwe cha bodaboda. Nikasikia pikipiki zinazimwa moja baada ya nyingine. Hatua. "Kuna nini mama?" "Mtoto kafungiwa buti!" "Fungua wewe!" Mlango ukapanda, mwanga ukaingia. Bado nimefunikwa kanga, maana nilikuwa nafikiria kwamba nikitulia sana labda wataondoka. Kijana mmoja akainama, akasoma maandishi ya kanga kwa sauti, taratibu, kama yuko darasa la pili:

"Njia... ya mwongo... ni fupi."

Ile doti mama mwenyewe ndiye aliyempa mke wangu.

Wakaivuta. Watu kama kumi na tano wakaona mtu mzima, ndevu zake, bukta, singlendi yenye grisi, magoti kidevuni, mpira wa maji umetokeza sikioni, simu bado iko hewani inahesabu sekunde. Hakuna aliyesema kitu. Mmoja akaanza kutoa simu yake, mwenzake akamzuia, nashukuru, ila nadhani alimzuia ili yeye apate nafasi nzuri.

"Mama," nikasema, "nilikuwa nasikiliza bushi."

Mama mkwe akaniangalia kuanzia ukucha hadi ule mpira. Akakata simu kwanza, salio lisiishe. Kisha akasema kwa upole ambao ningeona heri anichape:

"Baba Neema, mahari nakudai. Lakini mimi sijakufikisha huko."

Mengine ni ya haraka. Mama alikataa nihamie kiti cha mbele mpaka nijifute. Mke wangu alicheka hadi akakaa chini, kisha akanuna, kisha akacheka tena. Jumatatu mzee wa gereji akalipandisha gari, akanionyesha mpira wa juu wa springi ya kushoto umechanika na kusogea pembeni, chuma kimesuguliwa hadi kinang'aa. Tukaweka mipira yote miwili, kulia na kushoto. Elfu kumi na nane na ufundi ndani. Hata saa moja haikufika. Gari sasa linapita tuta kama linanyata, na pale kituoni hakuna anayegeuka tena, isipokuwa wale wa bodaboda, ambao wameniita "Morogoro" na naona limeshakaa.

Mlio wa simu nimebadilisha.

Jana usiku nikamtumia mama laki moja, nipunguze deni na aibu kwa pamoja. Hakukaa dakika mbili, akanipigia.

"Imefika, mwanangu. Ahsante sana." Akatulia. "Sasa hivi uko wapi?"

"Nipo nyumbani, mama."

"Sehemu gani ya nyumbani?"