Kodi bado, twende hivyo hivyo?

Duka la vifaa vya ujenzi pale Ngamiani, Tanga, na mwenye duka ni hajj mmoja mpole sana ila usimguse kwenye hesabu. Mimi na mwenzangu tulimtengenezea programu ya risiti kwa lugha ya C#, mimi projekti ya kaunta, yeye laibrari ya kupiga hesabu, dll moja (faili la laibrari ikishakompailiwa) inatumika kaunta na stoo. Sasa huyu mwenzangu ana mambo yake. Kwenye Debug, yaani toleo la kujaribia, kaweka kijidirisha kinaruka kabla VAT ya asilimia 18 haijaongezwa, kimeandikwa KODI BADO, TWENDE HIVYO HIVYO? Ya majaribio tu, kwenye Release, toleo la kumpa mteja, haitoki.

Ikatoka bwana. Jumamosi, foleni mpaka barazani, binti wa kaunta anauza bati, kompyuta inamuuliza, naye kwa kelele za lile feni anapaza sauti, "Hajj! Yauliza kodi bado, twende hivyo hivyo?"

Na kwenye foleni kuna mtu wa mapato, kaja zake kununua bawaba za mlango.

Hajj akanipigia, shikamoo yangu hata hakuisubiri. "Mwanangu, wataka nifungwe?"

Baiskeli mbio toka Chumbageni (kanzu ya Ijumaa bado ipo kwa dobi, nina bukta), nafungua projekti, iko Release safi kabisa, nakompaili upya, kijidirisha hicho hapo. Ndo kufungua csproj, faili la mipangilio ya projekti, kwa notipadi. Kumbe mwenzangu alivyounganisha ile dll alibrauzi akaichagua kwa mkono, HintPath, yaani njia ya kuifuata dll ilipo, ikaandikwa ..\Hesabu\bin\Debug\Hesabu.dll, na ikishaandikwa hivyo haijali umechagua Debug au Release, inaenda kuchota kulekule, na Visual Studio, tunayoandikia programu, inakwambia imefaulu bila hata aibu. Nikatoa Debug nikaweka $(Configuration), inayobadilika kufuata toleo ulilochagua, nikakompaili na laibrari yenyewe kwa Release, kimya. Baadaye tukaweka projekti zote solusheni moja (furushi moja la projekti) tukaunganisha projekti kwa projekti, hapo inafuata yenyewe, na kusema kweli ndo ilitakiwa toka mwanzo.

Mtu wa mapato aliondoka na bawaba zake, risiti kaisoma mbele na nyuma. Hajj mpaka leo mwenzangu hamtaji jina, ni "yule kodi bado". Shida wateja sasa. Kuna fundi mmoja wa Pongwe kila akija anaegemea kaunta, "Binti, ile bei ya kodi bado ipo?"